Kaburi la Pumba Uani Kwetu

Lipangalala,
Ifakara.
Jumatatu, 14 Julai 2025

Mdogo wangu mpendwa Faustin,

Natumaini barua hii inakukuta mzima huko Mpanda, na kwamba kile kifua kinachokubana kila baridi ikiingia kimekuacha mwaka huu. Unakula vizuri? Unalala mahali pakavu? Sisi huku ni wazima, ingawa neno hilo siku hizi naliandika kwa wasiwasi. Ukisoma mpaka mwisho utaelewa kwa nini, na usipoelewa tutakuwa wawili.

Mpunga tumeshavuna na kuanika. Maji ya mwaka huu hayakutusumbua sana, tumepoteza kipande cha kule bondeni tu. Shemeji yako Evaristo bado analalamikia mgongo, lakini ukimwambia apumzike anaona umemtukana. Mpwa wako Ester ameingia kidato cha pili na amenipita urefu. Ulimwacha hajaanza shule.

Sasa nije kwenye jambo lenyewe. Siku ile ulipopiga kwa simu ya mwenzako uliniuliza kwa nini shangazi Stefania alikusikiliza mpaka mwisho kisha akanirudishia simu bila kukujibu hata neno moja. Sikuweza kukueleza akiwa amekaa mbele yangu. Nimejaribu kulipanga kichwani tangu siku hiyo na halipangiki, kwa hiyo naliandika kama lilivyotokea.

Utakumbuka nilikwambia, zamani kidogo, kwamba watu wa televisheni walikuja kurekodi tamthilia hapa mjini. Inaitwa Ahadi ya Bondeni. Waliitaka nyumba yetu ya marehemu baba kwa sababu ya matofali yake ya zamani na ile baraza. Tukakubali. Humo ndani kuna kijana anaitwa Beda, mtu mwema mpaka anaudhi, na katikati ya hadithi anakufa. Wakamzika uani kwetu, nyuma ya jiko, penye migomba. Walichimba shimo la kweli, wakashusha jeneza la kweli, na ndani yake wakaweka viroba viwili vya pumba za mpunga ili wabebaji waonekane wanabeba mtu. Evaristo ndiye aliyewapa pumba.

Walipoondoka tulisema tutalisawazisha lile tuta. Ukaja msimu wa kulima, tukaliacha. Halafu tamthilia ikaanza kuonyeshwa kila saa moja jioni, na watu wakaanza kuja kupatafuta mahali Beda alipolazwa. Nilidhani ni mzaha. Wengine wametoka Morogoro, wengine Dar es Salaam kabisa.

Rosemery, yule aliyekuwa anauza samaki sokoni, alionekana kwenye tamthilia mara moja akimrudishia Beda chenji. Hiyo mara moja ilimtosha. Sasa ndiye mwongoza wageni. Kila Jumamosi anawakusanya sokoni akiwa na mwavuli wa njano, anawatembeza kwa miguu: kwanza meza yake ya samaki, kisha mashine ya kukoboa ambako Beda alipigana, kisha kibanda cha fundi baiskeli, ngazi za kanisa, na mwisho kwetu. Fundi baiskeli ameshakubali kuitwa kwa jina la kwenye tamthilia, ukimwita kwa jina lake anachelewa kugeuka. Mimi nikitoka kuanua nguo wageni wananipa pole. Mwanzoni nilikuwa naeleza kwamba sijafiwa. Nikachoka, sasa najibu nimeshapoa.

Mvua za masika zilipolimega lile tuta, Rosemery akaniomba walijengee kwa saruji. Hapo nikasita. Kiwanja ni cha baba, na aliyebaki upande wake ni shangazi peke yake. Siwezi kujenga kaburi, hata la pumba, bila yeye kujua. Nikampigia simu huko kwake Mahenge, nikamwambia hivi: shangazi, njoo Jumamosi, kuna jambo, tutaongea ukifika.

Nadhani umeshashtuka. Mimi sikushtuka. Nilikuwa na sufuria motoni na niliona tu kwamba habari ya tamthilia ni ndefu kwa mtu asiye na televisheni. Sikufikiri kwamba hayo ndiyo maneno tunayomwambia mtu anapofiwa, neno kwa neno, ili asianguke njiani. Shangazi hakuniuliza kitu. Aliitikia tu, sawa mwanangu. Na wewe simu yako ilikuwa haipatikani tangu Pasaka.

Jumamosi hiyo, tarehe ishirini na nane, akapanda basi la alfajiri. Alipoingia uani aliwakuta watu kumi na wanne wamezunguka tuta lenye msalaba, vichwa chini, Rosemery anasimulia kwa sauti ya msibani. Dada mmoja alikuwa analia kweli, anapangusa macho kwa leso. Unajua kwetu huulizi kwanza ni nani. Unalia kwanza, jina utalipata ukishakaa kwenye mkeka. Ila yeye jina alikuwa nalo tayari, alikuja nalo kwenye basi njia nzima.

Alivua viatu getini. Akajifunga kanga kiunoni, akatupa kikapu, kuku aliyekuwa ndani akatoka anakimbia, na shangazi akalia jina lako. Faustin, sijawahi kusikia kilio kama kile. Alisema umerudi bila kumwamkia. Alisema alikulea kwa uji wa ulezi, na kwamba hukumpa nafasi hata ya kukufumba macho.

Wageni walidhani ni sehemu ya matembezi. Wakatoa simu wakapiga picha. Jirani yetu Kabula, yule mama wa Kisukuma, alisikia kutoka shambani kwake akaja mbio na jembe mkononi, akaliweka chini akaanza kulia naye. Wakaja wengine. Kufika saa sita tulikuwa na wanawake kumi na tisa kwenye mikeka, na Kabula alishakwenda kuleta mchele na maziwa, na mimi katikati naeleza kwamba hakuna aliyekufa. Nikieleza, wananiambia nilie tu, nisijizuie.

Ilipofika jioni kila mtu alikuwa ameelewa, isipokuwa shangazi. Au labda alielewa, sijui. Evaristo akachukua sururu, akamwambia atalifukua mbele yake aone pumba kwa macho yake. Shangazi akaushika mpini. "Nimeshalia hapa," akasema. "Usiguse."

Tangu siku hiyo hajarudi Mahenge. Kila asubuhi anafagia kuzunguka lile tuta, kisha anakaa kwenye kigoda mpaka jua linapokuwa kali. Mguu wake wa kushoto umevimba. Chakula anaonja tu, anasukuma sahani. Anasema amemlilia mtu kwa jina, na mtu aliyeliliwa kwa jina lazima aje kwa miguu yake, aonekane, ale ugali mkononi mwake. Vinginevyo kile kilio kitakaa mahali. Nimemuuliza kitakaa wapi, akachukua ufagio akaendelea kufagia.

Ndipo ukapiga, siku ya nne. Nilifurahi mpaka nikamwaga maji. Nikampa simu nikidhani mambo yamekwisha. Alikusikiliza, kisha akanigeukia akasema hivi: "Sauti ni yake. Lakini hata Beda anaongea kila jioni, na mmemzika."

Ni kweli Beda anaongea kila jioni, maana sasa wanamwonyesha kwenye ndoto za mchumba wake. Nilimwambia shangazi kwamba simu na televisheni ni vitu viwili tofauti. Akaniuliza tofauti yake ni nini. Nikaanza kumweleza, na kadiri nilivyoeleza ndivyo nilivyozidi kupotea.

Kumbe kulikuwa na zaidi. Zile picha za siku ya kilio zimesambaa kwenye simu za watu, na sasa wageni wanakuja wanamuulizia shangazi. Rosemery amediriki kuniomba nimsihi awepo kila Jumamosi. Nilimjibu vibaya, tena mbele ya watu, na baadaye nilimwendea kumwomba radhi, kwa sababu kilichoniudhi zaidi ni kwamba shangazi yupo pale kila Jumamosi bila kuombwa na mtu.

Halafu juzi, Jumamosi, yule kijana mwenyewe aliyeigiza Beda akaja na wageni. Rosemery alitaka kuwashtukiza. Kijana mpole, amekonda kuliko kwenye televisheni. Alimwona shangazi kwenye kigoda, akainama akamwamkia shikamoo. Shangazi hakuitikia upesi. Alimtazama miguu kwanza, kisha akamshika mkono, akaubonyezabonyeza kama anavyofanya akichagua mihogo.

"Wewe ndiye uliyelala pale?" akamuuliza.

Kijana akasema ndiyo, bibi, lakini ilikuwa kazi tu.

"Mama yako amekuona tangu uzikwe?"

Kijana akaeleza kwamba mama yake yuko Chita, na hajafika kwake tangu tamthilia ianze, kazi zimembana, ila wanaongea kwenye simu. Shangazi akamwachia mkono. Akamwambia basi nenda akuone. Faustin, yule kijana hakumaliza matembezi. Aliwaacha wageni wake na Rosemery na mwavuli wake, akaenda kupanda basi la Mlimba, linalopita Chita, mchana ule ule.

Sasa mimi ndiye niliyebaki sielewi. Nikijaribu kumwona shangazi kama mtu aliyechanganyikiwa, nakuta mawazo yake yamenyooka kuliko yangu. Wakati mwingine nacheka peke yangu jikoni nikimkumbuka yule kuku. Wakati mwingine naona haya, kwa sababu ni mimi niliyeruhusu kaburi kwa baba na ni mimi niliyesema kuna jambo, tutaongea ukifika.

Na kuna kitu sijamwambia mtu, hata Evaristo. Siku ile shangazi alipolia jina lako, mimi nililia. Sikulia kwa kumhurumia. Nilijua mle ndani ni pumba, niliona kwa macho yangu zikifungwa, na bado nilikaa chini nikalia, kwa sababu ghafla nilidhani yeye anajua kitu ambacho mimi sikijui. Miaka minane, Faustin. Ulisema unakwenda msimu mmoja. Nilitafuta sura yako kichwani, nikaipata ile ya siku unaondoka, na baada ya hapo hakuna nyingine.

Kama ni aibu ya kurudi mikono mitupu, rudi nayo hivyo hivyo. Hakuna anayengoja mzigo hapa. Kama ni yale maneno uliyotupiana na shangazi kwenye matanga ya baba, yeye ameyasahau, au ameyasamehe, maana nilimsikiliza akikulilia na hakuyataja.

Barua hii anaileta Steven, yule dereva wa lori. Anapeleka mchele huko na atageuza. Nimemwomba akuachie nafasi mbele, pembeni yake, na amekubali bila masharti. Anatarajia kuingia Ifakara Jumamosi ya tarehe ishirini na sita. Shangazi nimemwambia tarehe hiyo. Aliirudia mara mbili, akaomba nimtafutie unga mpya wa mahindi, kisha akarudi kukaa kwenye kigoda. Sijui ndani yake anakungoja wewe au anangoja kuthibitisha. Njoo tu, mimi nishindwe kuelewa ukiwa umekaa hapa.

Evaristo anakusalimu, anasema sururu ataishika mwenyewe siku utakayofika, na pumba zitaenda kwa kuku. Ester anakusalimu na amekuandalia maswali. Kabula anakupa pole, na nikimrekebisha anasema basi anakupa hongera. Nisalimie na huyo mwenzako aliyekupa simu, mwambie tumemshukuru sana.

Mungu aliyekutunza huko tusikokuona akushike mkono njia nzima, akufikishe kwenye mlango wa baba ukiwa na miguu yako miwili.

Ni mimi dada yako, nikupendaye kwa akili niliyobaki nayo,
Luciana

Nilisahau: Rosemery anauliza, kwa kuwa utafika Jumamosi, uingie uani kabla ya wageni au baada yao. Nimemwambia utaingia saa yoyote utakayofika.