Salamu Katikati ya Mbio

Jumatatu, 3 Novemba 2025

Nimepata kazi! Filamu ya mapigano, ya watu wa Nairobi, nami ndiye mkuu wa picha, wa kubeba kamera. Cheo kikubwa, kiuno kibovu. Mkurugenzi, Odera, aliiona ile filamu yangu ndogo ya bibi anayeshona kofia. Kumbe yuko mtu aliyeitazama hadi mwisho! Hata dada yangu Mahira alisinzia, na yeye mwenyewe kaigiza humo. Odera kasema hii ikienda vizuri, zinazofuata pia ni zangu. Miaka yote hii napiga video za harusi ili nipate kutengeneza filamu zisizo na watazamaji. Naitaka kazi hii mpaka naona haya.

Jumatano, 5 Novemba

Mbio za mtaa wa Kuze. Kingi, ambaye ni mwizi kwenye filamu, anakimbia vichochoroni. Mimi nyuma yake, kamera begani, buibui nimelikunja kiunoni. Picha moja, bila kukata. Tukafika kwenye baraza wanapokaa wazee — mdomo ukafunguka wenyewe. Assalaam alaykum! Wazee wakaitikia wote, kwa utaratibu, mpaka wabarakatuh. Mwizi naye akasimama kuwapa mikono. Kingi ni mtoto wa mtaa wa Makupa, kalelewa vyema.

Odera akauliza, kwa upole wa kutisha, kama tunapiga mbio au ziara ya Idi.

Tukarudia. Nikasalimu tena. Mtu mzima mimi! Odera kaahirisha hadi kesho. Salamu moja zaidi, kasema, ataleta mpiga picha mwingine kutoka Nairobi.

Alhamisi, 6 Novemba

Leo niliuma mtandio, mdomo usije ukafunguka. Kingi akakimbia, nami nikakimbia — na pale barazani, katikati ya wazee, Baba. Baba yangu! Anayeiita kazi yangu “mambo yako yale”. Kaja kutazama, kofia mpya kichwani. Nilimwona ndani ya kamera, mkono tayari kifuani, anangoja kuitikia.

Nikapita kimya.

Odera alipiga makofi. Picha safi, kasema. Nilifurahi kama mwehu, kisha nikataka kulia.

Jioni tulikunywa chai. Baba akamwambia Mama, si mimi: “Leo kapita mwanamke pale barazani, kafanana na huyu kweli. Nikasema si yeye. Mwanangu angetoa salamu.”

Nikaungua ulimi. Nilistahili.

Halafu simu ya Odera. Kivuli cha kamera kimeonekana ukutani. Kosa la nani? La mkuu wa picha, bila shaka! Kesho tunarudia, baada ya swala ya Ijumaa, baraza likiwa limejaa. Na onyo lake liko pale pale.

Nikamwambia Baba kwamba kesho tunarudi Kuze. Akauliza saa ngapi. Nikamwambia. Akaingia chumbani, akatoka na kanzu yake ya Idi, akampa Mama aipige pasi.