Zimwi Halitoki Ukilikalia

Jumatatu, 3 Machi

Mke mwenzangu,

Salamu nyingi. Natumai u mzima, na hayo mabomba unayojifunza kuunga hayajakulowesha mpaka mafua. Mimi sijambo. Nyonga tu ndiyo inanung'unika asubuhi, na ikishasikia chai inanyamaza. Nakuandikia kwa karatasi kwa sababu chuo chako kimewanyang'anya simu kama watoto wa chekechea.

Tangu niteleze kwenye povu la sabuni uani kwangu nikavunjika nyonga, baba yako mkubwa kanileta hapa kwake, akasema ni mpaka nitembee. Haya, natembea. Juzi nimekwenda na fimbo mpaka getini nikarudi, hakuna aliyenishika mkono. Nikamwomba ufunguo wa nyumba yangu. Akasema, "Mama, tutaona." Unaijua hiyo "tutaona" ya mwalimu wa udereva. Gari lake lina breki mbili, na kwenye ile ya kwake hatoi mguu. Komeo la chumba ninacholala kaling'oa, eti nisije nikaanguka nimejifungia. Mkewe anachungulia kila nikikohoa. Mimi dobi, niliyefua mashuka ya mji mzima, leo sina ruhusa ya kujifungia nikavaa gauni!

Basi nimebaki na tableti uliyoniachia na gemu lako la matofali. Nyumba yetu nimeshaijenga humo yote, uani, kamba za kuanikia, chumba cha pasi, hata kile kidirisha chako ulichokuwa ukitorokea. Umebaki mlango. Nataka ule uliosema, nikibonyeza kitufe unafunguka, nikibonyeza tena unajifunga. Lakini mlango huo hautengenezeki bila ute wa kunatia, na ute uko kwa lile zimwi la kijani linalorukaruka. Nimechimba pale ulipoweka alama, chini kabisa. Nimefagia, nimeweka mienge kila kona, nimekaa pembeni nasubiri. Halitoki! Nakaa asubuhi, nakaa mchana, halitoki. Nimekosea wapi?

Nijibu upesi. Jumamosi ya mwisho wa mwezi baba yako mkubwa anaita kikao cha familia kuamua mimi nikae wapi. Nikae wapi! Kama kabati.

Bibi yako,
dobi asiyestaafu


Jumapili, 9 Machi

Bibi, shikamoo.

Mimi mzima, mikono tu imejaa malengelenge. Darasani wasichana tuko wawili, na mwalimu alidhani tutakimbia ile siku ya kuzibua choo. Tulibaki. Waliokimbia ni wavulana.

Barua yako nimeisoma nikacheka mpaka mwenzangu wa kitanda cha juu akadhani nalia. Bibi, tatizo ni wewe! Mahali ni penyewe, maana si kila kipande cha ardhi kinatoa hilo zimwi, ila hicho kinatoa. Mienge iache, inawazuia wale wengine wa gizani, la kijani lenyewe halijali mwanga. Lakini gemu limetengenezwa hivi: zimwi haliibuki pale mtu alipokaa. Ukilikalia, hupati kitu. Na ukienda mbali mno pia hupati, pale mahali panalala kabisa. Kaa katikati. Umbali wa kumsikia mtu akikuita, siyo umbali wa kumsikia akipumua. Jenga kaghorofa kadogo pembeni, panda juu, tulia. Utalisikia lenyewe, chubwi, chubwi.

Likitoka, lishukie ulipige. Litapasuka liwe mazimwi madogo, na hayo ukiyapiga yatapasuka tena. Yale madogo kabisa ndiyo yanaacha ute.

Kuhusu kikao, nimeomba ruhusa nimenyimwa, ni wiki ya mitihani. Inaniuma. Nyumba hiyo ndimo ulimonilea, sijui nyingine. Tafadhali, mbele ya mama mkubwa usiyataje hayo mazimwi. Unamjua.

Mjukuu wako,
fundi bomba mtarajiwa


Jumatatu, 17 Machi

Mke mwenzangu,

Marahaba. Mimi ni mzima, tena nasema kwa herufi kubwa, MZIMA, kwa sababu hapa ndani kuna wanaosema vingine.

Maji yameshamwagika. Nilifanya ulivyosema. Nikajenga kaghorofa, nikapanda, nikanyamaza. Mara nasikia chubwi! Wallahi nilisimama bila fimbo. Nikashuka nikalipiga, yakawa manne, furaha ikanipanda nikapaza sauti: "Njooni! Njooni nyote, mazimwi nyie, leo mtanitambua!"

Mama yako mkubwa alikuwa anapita na beseni la nguo. Beseni likaenda chini. Akaniuliza, "Mama, unaongea na nani?" Mimi sijui kusema uongo. Nikamwambia, "Na zimwi. Nimelipiga moja limekuwa manne, kama maneno yako."

Basi. Jioni baba yako mkubwa akaja kukaa kitandani kwangu, sauti laini, ile anayotumia kwa mwanafunzi aliyegonga ukuta. Akaniuliza leo siku gani. Akaniuliza jina la marehemu baba yake. Nikamwambia, "Ni yule uliyerithi masikio yake, ila huyatumii." Akatikisa kichwa, akachukua tableti, akaiweka juu ya kabati nisikoweza kufika.

Sasa kikao hakitakuwa cha nyonga tena, ni cha kichwa. Na nimemsikia kwa simu, keshampata mpangaji wa nyumba yangu, mtu wa kuuza matairi. Matairi chumba cha pasi! Wahenga walisema zimwi likujualo halikuli likakwisha. Hawakuliona hili langu, nililizaa mwenyewe.

Sijachanganyikiwa, mjukuu wangu. Nimekasirika. Watu hawa hawajui tofauti.

Bibi yako


Jumapili, 23 Machi

Bibi, shikamoo.

Sitaki hata kukuambia niko salama, maana siko. Nimekasirika mpaka nimevunja koki ya chuo. Aliyechanganyikiwa ni nani, wewe, au mtu anayeng'oa komeo la mlango wa mama yake?

Usilie mbele yao, Bibi. Na usiwabembeleze. Waambie wakupe tableti hapo hapo kikaoni, waone kwa macho yao. Anayeogopa zimwi la kwenye kioo ndiye akapimwe.

Niandikie mara tu kikao kikiisha. Mara tu.

Mjukuu wako


Jumapili, 6 Aprili

Bibi, shikamoo.

Kikao kimepita tangu Jumamosi ile ya mwisho wa mwezi na barua hakuna. Kila siku nakwenda kwa mlinzi wa geti, ananiona kwa mbali anatikisa kichwa kabla sijauliza.

Kama wamekuzuia kuandika, nakuja. Chuo kinifukuze, sawa. Spana ninayo, bisibisi ninayo, hilo komeo nitalirudishia mwenyewe na mtu anizuie.

Mjukuu wako


Ijumaa, 11 Aprili

Mke mwenzangu,

Marahaba, na tulia hapo hapo na mabomba yako. Mimi ni mzima wa afya, na nyonga imeshajua bosi ni nani. Nimechelewa kujibu kwa sababu nilikuwa nafua mapazia. Mapazia yangu. Yalikuwa na vumbi la kutia aibu.

Siku ya kikao walikaa sebuleni, baba yako mkubwa kwenye kochi kubwa, mkewe ubavuni, na shangazi yako aliyekuja na biskuti za mgonjwa. Wakazungumza juu ya kichwa changu kama sipo. Nikagonga fimbo sakafuni. Nikasema, "Leteni tableti. Nikishindwa kuwaonyesha hilo zimwi, nitakaa hapa mpaka mnizike." Shangazi yako akasema mpeni, nyie mnaogopa nini?

Nikawashusha shimoni, wote wamenilalia mabegani. Kimya. "Unaona, Mama," akasema baba yako mkubwa, kwa ile sauti. "Hakuna kitu." Nikasema sawa, sasa tuondoke. Nikapanda kaghorofa kangu, nikatulia. Chai ikapoa. Mkewe akaanza kukusanya vikombe. Mara, chubwi.

Ungemwona! Mwanaume mzima karuka kwenye kochi: "Mama, nyuma yako! Lipige!" Nikamtupia tableti, nikamwambia piga mwenyewe. Akapiga. "Yamekuwa manne!" Mkewe naye, "Kushoto, baba, kushoto!" Shangazi yako alicheka mpaka biskuti zikamwagika. Tukapata ute wa kutosha milango mitatu.

Walipotulia nikamuuliza, "Mwanangu, siku ya mtihani mwanafunzi wako anaendesha na nani?"

"Na mtahini."

"Wewe unakuwa wapi? Mguu uko kwenye breki?"

"Hapana. Nakuwa nje ya uwanja."

"Kwa nini usiende zako nyumbani?"

Akasema polepole, "Nangoja. Labda ataniita."

"Basi hapo ndipo pako. Lete ufunguo."

Akasema, "Na ukianguka, Mama?"

Nikamwambia, "Nitaanguka kwangu." Nikachukua fimbo, nikatoka. Sikungoja wajadili, maana ukiwangojea watu wa kikao utazeekea kwenye kochi. Nilipofika getini nikasikia viatu nyuma yangu, nikajua anakuja kunirudisha, nikajiandaa kumpiga fimbo mtoto wangu wa kwanza. Akanishika mkono, akautia ufunguo kiganjani. Macho yalikuwa mekundu, na mimi pia, nisikudanganye.

Wa matairi kaambiwa akatafute kwingine. Mlango wa kwenye gemu nimemaliza, unafunguka nikibonyeza mimi. Spana yako ilete likizo, bomba la uani linavuja, ila usiguse kitu kabla sijakuonyesha.

Na baba yako mkubwa, sijui nikuambie nini. Barabara zote za mji huu, kaona hii yangu ndiyo inayofaa kufundishia wanafunzi kurudi nyuma. Kila alasiri gari lile liko ng'ambo, linarudi nyuma, linasimama, linarudi nyuma. Namwona dirishani. Hanisogelei, na mimi simwiti.

Jana, alipokwisha kuondoka, nilifunga mlango nikasukuma komeo. Limeshika kutu, likapiga kelele nyumba nzima. Nikalifungua, nikalifunga tena, nilisikie vizuri.

Bibi yako,
aliye kwake