Mtani, Tumerudi Kiwandani

Mtani wangu Issa,

Tumerudi! Jumatatu asubuhi nimepita geti lile lile la kiwanda cha korosho hapa Nachingwea tulikotolewa mimi na wewe na wenzetu, na mlinzi aliyetutoa ndiye aliyenifungulia. Nikageuka nikuchokoze. Ndipo nikakumbuka umelala Mnero, nikalia pale pale mpaka mlinzi akaniuliza kama naumwa.

Ngoja nikueleze tulipofika, maana uliondoka katikati. Tulifukuzwa kwa kukataa kubangua bila glovu, mikono imebabuka kwa mafuta ya maganda. Tume ya usuluhishi wa kazi ikasema turudishwe. Mwajiri akaupinga uamuzi huo Mahakama Kuu, na jaji akatoa amri ya muda kwamba shauri likiendelea, sisi tuwe kazini. Siku ile ulipiga vigelegele kama bibi harusi kapita, usikatae, nilikuwepo. Lakini hatujagusa hata korosho moja, mwajiri akakata rufaa kuipinga amri hiyo hiyo, na geti likabaki limefungwa. Ukaugua. Ukanishika mkono ukasema, "Tekla, nisizikwe nikiitwa mtu aliyefukuzwa." Tukakuzika ukiitwa hivyo hivyo. Iliniuma, Issa, iliniuma sana.

Basi sikia. Rufaa ya mwajiri imetupwa! Nilikuwa stendi ya Ruangwa na beseni langu la maandazi wakili wetu aliponipigia. Alisema majaji wa rufani hawakuzunguka: amri ya muda haijamaliza kesi, na amri isiyomaliza kesi haikatiwi rufaa, kwa hiyo mwajiri asubiri hukumu kama watu wengine. Nikamwomba arudie. Akarudia. Maandazi yote nikayagawa bure, na kondakta wa basi la Nambilanje akajaza mifuko bila aibu.

Sasa usinune. Kwenye matanga yako nilichukua koti lako la kazi. Ni haki ya mtani kubeba kitu msibani mpaka ndugu wakikomboe, unajua mwenyewe. Nililivaa nikaigiza unavyokagua korosho umefumba jicho moja, na mkeo, aliyekuwa hajala tangu jana yake, akacheka mpaka akaomba uji. Wajomba zako walitaka kulikomboa kwa jogoo. Nikakataa, jogoo mwenyewe mgonjwa.

Jumatatu ndilo nililovaa. Linanifika magotini, na jina lako liko mgongoni. Msimamizi akaita majina ya waliotajwa kwenye amri. Alipofika kwako akasita, akataka kuruka. Nikampa mgongo asome. Wenzetu wote wakaitika kwa pamoja, "Yupo!" Ee mtani, kelele zile! Kina mama wa kumenya wakapiga vigelegele, wengine wakapanda juu ya mabenchi, na msimamizi mwenyewe akashindwa kujizuia, akacheka, akaweka alama ya vema. Kwa hiyo umerejeshwa kazini. Ni wewe peke yako marehemu Nachingwea nzima mwenye zamu ya asubuhi, na tayari umechelewa.

Jioni nilimpigia mkeo nikamweleza. Akasema, "Mwambie asante." Nikamuuliza nani, jaji? Akasema, "Mume wangu, wewe naye!" Haya, nimekwambia.

Sijidanganyi, kesi yenyewe bado. Jaji hajaamua kama Tume ilikuwa sahihi kuturudisha, na tunaweza kushindwa. Lakini kungoja ukiwa ndani, umevaa glovu, si sawa na kungoja juani nje ya geti. Siku ya hukumu, iwe tamu iwe chungu, nitakuja Mnero nikusomee yote mwenyewe, kwa hiki Kiswahili changu cha Songea ulichokuwa ukikicheka. Nakuahidi hilo.

Pumzika, Issa. Saa ya chai ndiyo ngumu. Ulizoea kunipokea na lile lako, "Ninyi Wangoni mlikuja na mikuki, sasa mmekuja kutumalizia korosho." Siku hizi nikikaa wananipisha benchi, wananiita dada. Kila mtu ananiheshimu, na sipendi hata kidogo.

Mtani wako,
Tekla