Msumeno Mkubwa na Macho Yangu

Jumatatu, 3 Machi

Nimeamua. Nafanya macho! Upasuaji wa leza. Miadi na daktari nimeshaweka, na hakuna wa kunirudisha nyuma.

Leo Mzee Randa kanikataza tena msumeno mkubwa wa umeme. Mbele ya mteja! Eti karakanani kwake mtu wa miwani hashiki mashine ile. Miwani yangu ilianguka juu ya meza ya msumeno mara moja tu — moja! — ikasagwa, na tangu hapo nimegeuzwa mtu wa msasa. Piga msasa, paka vanishi, fagia. Mimi niliyeichora ile ngazi ya kupinda ambayo mteja kaitazama leo mpaka kasahau kufunga mdomo. Wamekubaliana mbao zianze kukatwa mwanzoni mwa Aprili. Atakata nani? Kobe. Ni fundi mwenzangu, hana neno na mtu, lakini mpe mstari uliopinda, atakunyooshea.

Nikamwuliza Mzee: na nikija bila miwani? Akacheka mpaka akakohoa. Akasema siku nitakayoona kama mwewe, msumeno ni wangu. Kobe alisikia. Shahidi ninaye.

Lenzi za kuvaa machoni nilishazijaribu kazini. Vumbi la mbao likiingia chini yake unajuta kuzaliwa. Kwa hiyo leza. Liwalo na liwe.

Alhamisi, 6 Machi

Daktari ni mwanamke mfupi, mkali, haongei maneno mawili pale panapotosha moja. Nimempenda hapo hapo.

Kanieleza. Anakata utando mwembamba mbele ya jicho, anaufunua, leza inapita chini yake, kisha anaurudisha. Haushonwi! Unajishika wenyewe. Ndiyo maana ukisugua jicho mapema unaweza kuusogeza, na hapo utakuwa umejitafutia balaa kwa mkono wako. Kanionyesha kwa kipande cha karatasi juu ya meza. Nikamwambia mimi ni seremala, nimeelewa: gundi bado mbichi. Akatabasamu kidogo, mara ya kwanza.

Kabla ya vipimo vya mwisho, lenzi marufuku, maana zinaliminya jicho na vipimo vinadanganya. Nikasema nazivaa Jumapili tu. Akasema hata Jumapili. Nikasema kuna harusi ya binamu. Akasema nivae miwani, bibi harusi si mimi.

Mama kapokea habari kama msiba. Macho aliyokupa Mungu unayapeleka kuchomwa! Asiyesikia la mkuu huvunjika guu! Nikamkumbusha kwamba na meno yake ya mbele hakupewa na Mungu, alipewa na daktari wa meno. Hajanisemesha tangu mchana. Chakula lakini kaniwekea.

Jumatano, 19 Machi

Vipimo vimepita! Nilikwenda roho mkononi, maana si kila mtu anakubaliwa. Aliyekuwa mbele yangu kwenye foleni kaambiwa jicho lake kwa mbele ni jembamba mno, aendelee na miwani. Katoka ameinamisha kichwa. Nimemhurumia, halafu nikaingia na kukaa kwenye kile kiti kama naenda kupigana.

Jicho langu nene la kutosha. Siku ni Ijumaa ijayo, si hii. Siku hiyo: wanja hapana, manukato hapana, shati la vifungo ili nisivute nguo usoni, na mtu wa kunirudisha nyumbani. Nywele nizioshe jana yake. Akazitazama nywele zangu, akatoa kijiti cha mbao, akasema nizioshe mara mbili.

Halafu likaja lenyewe. Baada ya upasuaji, vumbi la mbao nisilisogelee kwa wiki mbili, na baada ya hapo miwani ya kinga kila siku. Wiki mbili! Nikamwambia kuna ngazi. Akaniuliza: ngazi hiyo ina macho mangapi? Nikatia saini.

Jioni nikamwomba Mzee Randa asogeze kazi kidogo tu. Akasema mbao hazisubiri jicho la mtu. Na zile mbao zilizokaa stoo miezi mitano zikisubiri goti lake lipone, je? Sikusema. Ila niliwaza kwa sauti kubwa sana.

Ijumaa, 28 Machi

Imekwisha. Naandika kwa kupapasa, herufi kama mabuyu. Machozi yananitiririka, jicho linawasha kama limetiwa pilipili. Mama anapiga kelele nifumbe. Nafumba. Niko hai!

Jumamosi, 29 Machi

NAONA.

Nimeamka, Mama kanivua vile vikombe vya plastiki nilivyobandikwa nisijisugue usingizini, na kitu cha kwanza nilichokiona ni utando wa buibui kwenye kona ya dari. Na buibui mwenyewe! Nikamwambia Mama. Kasema hakuna utando wowote, nyumba yake ni safi. Kisha kaenda kuchukua ufagio.

Jana. Niandike nisije nikasahau. Walinitia matone ya ganzi. Kishikizo kikazuia kope zisifunge. Wakaniambia nitazame taa ya kijani, nisihangaike. Kitu kikabana jicho, giza likaja, kweli kweli giza, nikaanza kusali huku nimeuma meno. Daktari akawa anahesabu kwa sauti ya kawaida tu, kama anahesabu vikombe. Harufu ya kuungua ikanifikia. Nikamwambia: msumeno wako butu, daktari. Muuguzi akacheka, daktari akaniambia ninyamaze nitazame taa. Sikulihamisha jicho.

Leo asubuhi daktari kanikagua: utando wa jicho umekaa vizuri. Nimesoma mistari yote ubaoni mpaka ule mdogo. Nimelia. Kaniruhusu kulia, ila kasema nisifute kwa kitambaa cha mfukoni.

Jumatatu, 31 Machi

Mama kawa askari. Yule yule aliyenililia kama maiti! Matone ya dawa kwa saa, matone ya kulainisha katikati. Vitunguu anakatia uani. Nikioga anasimama mlangoni: maji yasifike usoni! Nikiinua mkono kujikuna paji la uso ananiita jina langu lote na la ukoo. Jirani alipokuja kuwasha mkaa karibu na dirisha letu, Mama alimhamisha yeye na jiko lake.

Macho yanakauka kama yametiwa mchanga. Usiku taa zina duara la mwanga pembeni, daktari alisema litapungua taratibu. Sawa. Navumilia. Maji ukiyavulia nguo huna budi kuyaoga.

Kinachonikera si macho. Kobe kapiga simu: Mzee kaamua, Alhamisi wanaanza kukata. Kwa mchoro wangu! Na akaniambia, kwa upole wake, kwamba Mzee kasema kama naona, mbona siji.

Alhamisi, 3 Aprili

Kobe tena. Vipande vya kwanza havikutani. Kasema Mzee kavunja penseli.

Nimefurahi. Nimeona aibu kwa kufurahi. Nikafurahi tena.

Ijumaa, 4 Aprili

Mjinga mimi. Mjinga, mjinga, mjinga!

Nilikwenda. Mama alikuwa sokoni. Nilijiambia naenda kutazama tu. Mwenye macho haambiwi tazama, basi ninayo mapya, nitazame! Nikavaa miwani ya kinga, ile inayobana pande zote, nikasimama mlangoni mwa karakana, mashine zimezimwa kwa ajili ya chai. Sikugusa kitu. Mzee Randa kanitazama juu hadi chini, akasema: umekuja kutembea au kufanya kazi? Nikasema kutembea.

Kobe akaniletea ubao wa pembeni wa ngazi na kipande cha kukanyagia. Ulimi wa kipande, ile ncha yake iliyochongwa, hauingii tundu la ubao. Kagonga, kasukuma, wapi! Nikainama. Miwani ya kinga ilikuwa imetanda jasho, nikaipandisha kwenye paji la uso. Sekunde moja tu, nione ndani ya tundu. Lilikuwa limejaa unga wa mbao.

Nikapuliza.

Nani asingepuliza! Tangu nilipojifunza kazi, tundu ukiliona lina unga unalipuliza. Hufikiri. Mdomo wenyewe unakwenda. Mzee Randa anapuliza, Kobe anapuliza, nadhani hata wakila wanapuliza. Unga wote ukanirudia usoni.

Mkono ukapanda kusugua. Nikauona unakuja! Nikaudaka kwa mkono mwingine, nikakaa chini sakafuni, nikaikalia mikono yote miwili, na machozi yakawa yananichuruzika mbele za watu wote. Kobe kapatwa na hofu, akawa ananiuliza apulize? Nikamfokea: ole wako upulize! Akatoa ile chupa ya matone mfukoni mwangu, akanimiminia nusu yake nikiwa nimeinua kichwa.

Mzee Randa kasimama pale. Halafu kasema chai imekwisha, mashine ziwashwe.

Kobe kagoma. Kobe! Kasema mpaka mimi nitoke mlangoni. Ndiye aliyenipeleka hospitali.

Daktari kanioshea jicho. Utando haujasogea. Kuna mchubuko. Nirudi Jumatatu. Sikupata makaripio hata moja, kaandika tu, kimya, na hilo ndilo lililoniumiza. Kwenye mlango kaniambia jambo moja: wewe ni mbishi, vizuri, sasa wabishie wanaokuita kazini, siyo mimi.

Mama kajua. Bila shaka kajua. Hajapiga kelele. Kaniweka kitandani na vikombe vyangu vya plastiki saa moja jioni kama mtoto, akakaa pembeni. Naogopa. Nasema kweli, naogopa. Jicho la kulia lina ukungu.

Jumatatu, 7 Aprili

Ukungu umeondoka! Mchubuko umefunga. Daktari kahesabu upya kuanzia leo: vumbi la mbao hapana mpaka aseme yeye. Nikamwambia nitatii. Akaniuliza na ile ngazi? Nikasema ina macho ya Kobe, inatosha. Lilinitoka kirahisi hospitalini. Njiani lilinikaa kooni kama mwiba.

Nimerudi, nimekula, nimeketi hapa mezani kuandika. Nilipofika kwenye neno *mwiba*, hodi!

Mzee Randa. Nyumbani kwetu! Hajawahi kufika. Mama kamfungulia. Katoka karakanani moja kwa moja, ana aproni, ana kofia, vumbi mpaka kwenye kope. Kasimama mlangoni, kakohoa, kaniita mwanangu. Mteja anataka kuona ngazi imesimama Jumamosi. Vipande vimeharibika vingi. Kobe hawezi, na yeye Mzee mwenyewe goti na mkono havimtii tena. Kasema: njoo kesho. Msumeno mkubwa nakuachia, kuanzia kesho ni wako.

Wangu! Kalisema, na Mama shahidi. Moyo uliruka, sidanganyi. Nilikuwa nimeshaanza kuinuka.

Nikasema: kesho siji, Mzee. Nitakuja daktari atakaponiachia.

Kasema basi atakata Kobe.

Nikasema basi akate. Mchoro huu hapa mezani, naweza kumweleza yeyote kipande kwa kipande, lakini karakanani siingii.

Mama kashika kifua. Mzee kaingia hatua moja aje autazame mchoro, na vumbi likaingia naye, nikaliona likielea kwenye mwanga wa dirisha, chembe chembe, kila moja peke yake. Nikamwambia: Mzee, simama hapo hapo. Toka nje ukakung'ute nguo kwanza.

Hakuna mtu aliyewahi kumwambia vile. Hata mkewe, nadhani. Alinikazia macho. Nami nikamkazia yangu, bila miwani, naona mpaka unywele mmoja mweupe kwenye nyusi yake. Sikupepesa. (Nilitakiwa kupepesa, macho yalikauka. Sikupepesa!)

Katoka. Mlango kaufunga.

Mama ananinong'oneza kwamba nimefukuzwa kazi. Huenda. Sijasikia nyayo zikienda getini. Nimeendelea kuandika.

Kuna mshindo nje. Tena. Namwona dirishani — kavua aproni, anaipiga ukutani kwa nguvu zote, kakasirika au vipi sijui, uso kageuzia upande wa pili. Mama anauliza aweke chai ya wangapi.

Sasa kavua na kofia.