Sauti ya Baba wa Tokyo

Jumatatu, 3 Machi
Nimerudi kutoka kazini stoo. Siku nzima kubeba maboksi, miguu imevimba. Binti yangu Furaha amekata nywele zote. Sasa anataka kuhama hapa Buffalo, akamalizie masomo Columbus, jimbo jingine, apange nyumba na wasichana wenzake. Hajaolewa. Nimekataa.

Alhamisi, 6 Machi
Chuoni kwa Furaha wanasoma sinema za Japani za kabla ya Vita vya Pili. Hazina sauti. Zamani msimulizi alisimama kando ya skrini, akawasemea wahusika wote. Jumapili Furaha ataonyesha moja kanisani. "Papa, wewe unasoma Neno kila Jumapili. Utusimulie kwa Kiswahili." Bado nina hasira naye. Lakini ameniomba mimi.

Ijumaa, 7 Machi
Tumeitazama pamoja. Msichana wa Tokyo anapiga taipu ofisini, amevaa sketi fupi. Baba yake anaogopa kila kitu kipya: treni, dansi, mshahara wa binti. Furaha anasema wengi kule waliishi na hofu hiyo. Nilijiona mle. Sikupenda.

Jumapili, 9 Machi
Ukumbi ulijaa. Nilianza vizuri, wamama walicheka. Kisha yule baba akafungua mlango amfukuze binti. Nilikuwa nimetayarisha: "Toka kwangu." Furaha alikaa mbele kabisa, ananitazama. Nikayaacha maneno yale. Nikasema, "Mwanangu, naogopa. Huko unakoenda sikujui." Uso wa mzee kwenye skrini ulikuwa wa hasira tupu, haukufanana na maneno yangu. Mama mmoja nyuma akajibu, "Haya, Papa Furaha, sisi wote tunaogopa." Hakuna aliyecheka.
Nyumbani Furaha akauliza, "Yale yalikuwa ya sinema?"
"Hapana."
Akakaa karibu nami. Tukaongea mpaka chai ikapoa. Nimemruhusu. Mke wangu amelia, kisha ameimba jikoni.

Jumamosi, 16 Agosti
Tumemfikisha Hilliard, nje kidogo ya Columbus. Chumba kidogo, safi. Nimekaza skrubu za kitanda. Wenzake wamenisalimu kwa heshima. Mmoja ni Mrundi aliyekulia Louisville, mji mwingine wa huku, anaongea Kiswahili kizuri kunishinda. Hofu ipo. Imepungua.
Njiani kurudi, mke wangu amesinzia. Furaha amepiga simu. Ugali wake una madonge. Nimemwambia apunguze moto, asonge taratibu. Nimesubiri kwenye simu mpaka ukaiva.