Godoro la Bibie

Jumatatu, 3 Machi

Mume wangu amerudi nyumbani na nyoka. Naandika hivi nione kama maneno haya yatakuwa ya kawaida nikiyasoma. Wapi!

Ni chatu mdogo, mwembamba kuliko mkono wangu, hana sumu. Alikuwa anaishi kwenye maabara ya shule, huko anakofanya kazi mume wangu. Wazazi wamelalamika, mkuu wa shule kasema aondolewe. Basi mtunza maabara wetu, kwa huruma zake, kamleta kwetu na kabati lake la kioo, taa yake ya joto na bakuli lake la maji. Wote wako sebuleni. Sikuulizwa. Nimeambiwa tu, "Huyu hana makuu, mke wangu. Mpole mno."

"Mke wangu" huwa naitwa akitaka kitu. Siku nyingine mimi ni "wewe". Lakini nyoka ana jina. Anaitwa Bibie.

Jumatano, 5 Machi

Amemtandikia Bibie magazeti na hana raha. Eti yanateleza. Eti Bibie anakosa pa kujificha, na nyoka asiyejificha hali chakula. Jioni nzima kapiga magoti mbele ya kioo. "Ona anavyohangaika, masikini."

Mimi naona. Naona pia godoro letu. Upande wangu limebonyea mpaka ni bonde, na kule miguuni mshono umefumuka, sponji inachungulia nje. Nilimwambia zamani. Alisema, "Nitaangalia." Hajaangalia.

Na kazi yangu ni nini? Fundi wa makochi! Kutwa nzima najaza viti vya watu. Mama Vifungo, mwenzangu pale karakana, kaniuliza kwa nini nisilishone mwenyewe, kazi ya saa moja tu. Jibu ni la kitoto: nataka alione yeye. Alale pale mara moja tu, aseme pole. Baada ya hapo nitalishona hata kwa meno.

Ijumaa, 7 Machi

Kaenda duka la wanyama, karudi na mfuko wa maranda ya mbao. Na karudi na Binti. Si mwilini — mdomoni. Binti wa duka kasema hivi, Binti kasema vile. Kasema maranda yasiwe ya mbao yenye harufu kali, yatamuumiza mapafu. Kasema yawe mengi, Bibie ajichimbie.

Akachota mkononi, akayaweka shavuni kwake, kafumba macho. "Laini. Hebu sikia." Akayaweka na shavuni kwangu.

Sikumbuki mara ya mwisho alipolishika shavu hili. Na leo kalishika na matandiko ya nyoka.

Jumamosi, 8 Machi

Nimekwenda naye dukani. Sikualikwa, nimejipeleka. Nilitaka kumwona.

Mzuri. Nisidanganye kwenye daftari langu mwenyewe. Na mchangamfu. "Karibu, wifi!" Wifi yake tangu lini? Yeye na huyu "kaka yake" walizaliwa wapi?

Maranda yana vumbi, mume wangu anamweleza, yameingia kwenye maji ya Bibie. Binti akatoa pakiti ya makumbi ya nazi yaliyosagwa. Yanashika unyevu, anasema, ngozi ya chatu inapenda unyevu. Mume wangu anasikiliza mdomo wazi. Nikaona na mimi nitie neno. Makumbi nimeyajazia viti tangu sijaolewa. Nikasema yaoshwe kwanza, yakaushwe nusu, yakibaki mabichi yanavunda.

Binti akafurahi. "Kumbe wifi mtaalamu!"

Naye mume wangu, huku anatafuta pochi: "Ah, huyu anashona makochi tu."

Tu.

Njia nzima alikuwa anaongea. Mimi nilikuwa nimelishika hilo neno tu.

Jumatatu, 10 Machi

Makumbi yanalowekwa kwenye beseni langu la kuogea. Nimeoga kwa ndoo.

Asubuhi alipotoka nimechukua futi yangu nikapima kabati la Bibie. Urefu, upana, kila kona. Bibie alinitazama. Tulitazamana. Nikamwambia, subiri uone anayeshona makochi tu.

Jumanne, 11 Machi

Nimetumia kitambaa cha mahameli ya kijani kilichobaki kwenye kochi la daktari wa meno. Sponji nyembamba, zipu upande mmoja ili kifuliwe, pembeni kote nimezungushia kamba kama godoro la maana. Mshono umenyooka, sijawahi kushona vizuri hivyo. Hata mimi ningelala.

Mama Vifungo kaja kuchungulia. "Kagodoro ka nani hako, ka mtoto?" Nikamwambia. Akashika meza kwa kucheka. "Yaani unamshonea mke mwenzio godoro!"

Nikacheka na mimi. Halafu nikaenda uani nikakaa kidogo peke yangu.

Nina wivu. Basi, nimeandika. Nina wivu na binti asiyenikosea kitu, na nina wivu na kiumbe asiye na mikono wala miguu.

Alhamisi, 13 Machi

Jana usiku nimemkabidhi. Alilishika, akaligeuza, akapitisha kidole kwenye mshono. Nilikuwa nimesimama kama mtu anayesubiri matokeo ya mtihani.

"Kazi nzuri sana," akasema. "Lakini Bibie halali juu ya kitu. Analala ndani yake."

Kweli. Tulipoliweka juu ya makumbi, Bibie alilizunguka, akalinusa kwa ulimi, akapita chini yake. Hakukaa juu hata kidogo. Mume wangu akataka kulitoa, akanitazama usoni, akaliacha. Akaniwekea mkono begani. Nimeubeba mkono huo hadi karakana leo.

Mchana akamtumia Binti picha. Jibu kanisomea mwenyewe, hana hili wala lile: zuri mno, mpe wifi hongera, ila litoeni, zipu itamkwaruza. Nikasema liachwe mpaka Jumapili. Kwa nini Jumapili? Sijui. Sikutaka litoke kwa sababu ya meseji ya Binti. Akasema sawa.

Mlango wa kioo ulikuwa mgumu kufunga, ile kamba ya pembeni imeuzuia. Nimeusukuma kwa kiganja. Ukaenda, karibu wote.

Ijumaa, 14 Machi

Bibie hayupo.

Mlango ulibaki na uwazi wa vidole viwili. Kona ya godoro langu imejibana palepale. Ameiona. Akachukua tochi, akaanza kutafuta. Heri angefoka.

Jumamosi, 15 Machi

Nyumba imepinduliwa. Kabati la nguo liko katikati ya chumba. Cherehani yangu iko uani. Kafungua hata pipa la unga, nikamwambia Bibie si panya. Hakucheka.

Analala kifudifudi sakafuni na tochi, anaita chini ya kochi. "Bibie. Njoo, mama. Njoo nyumbani." Nyoka hasikii jina, yeye mwenyewe ndiye aliyenieleza. Lakini anaita. Na ile sauti — naijua. Ni ile aliyokuwa akiniita nayo dirishani kwetu, wakati baba yangu hajamkubali. Nilidhani imekwisha, watu wanazeeka, sauti zinakauka. Kumbe ipo. Ilikuwa imewekwa.

Nyoka wa watu amepotea kwa mkono wangu, pengine amekufa kwa baridi, nami badala ya kumwonea huruma namwonea wivu. Mimi ni mtu wa namna gani?

Kampigia Binti. Atakuja kesho asubuhi kusaidia kutafuta. Mume wangu hajafumba jicho tangu juzi usiku, anazunguka tu.

Jumapili, 16 Machi

Naandika polepole, mkono mmoja umebanwa.

Asubuhi nilikuwa natandika kitanda. Nikavuta shuka upande wangu, kule miguuni, nikaona sponji inapumua. Nikawasha simu, nikamulika ndani ya mshono uliofumuka. Yumo. Amejikunja ndani ya godoro letu kama mpira, mzima, macho makavu yananitazama. Amejitafutia matandiko mwenyewe. Si magazeti, si maranda, si makumbi ya Binti, si mahameli yangu. Kachagua bonde langu.

Nilifungua mdomo nimwite mume wangu. Wallahi nilifungua.

Akaingia kabla sijaita. Macho mekundu, vumbi kichwani. Hakunitazama. Akakaa kitandani, upande wangu, kwa sababu ndio ulio karibu na mlango. Akadidimia. Akashtuka, akapapasa kwa kiganja, kulia, kushoto, kama anavyopapasa makumbi.

"Godoro limebonyea hivi tangu lini?"

"Siku nyingi."

"Na wewe unalalia hapa?"

"Ndiyo."

Akajilaza akajaribu. Akajigeuza ubavu. Uso wake ukabadilika, nimeuona ukibadilika. "Pole, mke wangu," akasema. "Pole sana. Mbona hukuniambia?"

Nilimwambia. Lakini sikumkumbusha. Hakuwa anataka kitu. Kasema "mke wangu" bure kabisa.

Halafu akaweka kichwa kwenye paja langu, akalia kidogo, mtu mzima, akasema ni kosa lake, alipaswa kuuangalia ule mlango. Lake! Kaukamata mkono wangu wa kushoto. Na hivyo hivyo usingizi ukamchukua.

Amelala sasa. Kichwa kizito. Daftari nimeliweka kwenye goti lingine. Nyayo zake ziko karibu kabisa na ule mshono, na Bibie ametoa ncha ya mkia nje, inacheza kidogo, labda anasikia joto la nyayo hizo. Nikitamka neno moja tu, ataamka na furaha ambayo sijamwona nayo miaka mingi. Ataruka. Ataachia mkono.

Nitamwambia. Nani kasema sitamwambia? Bibie yuko salama hapo, ana joto, hana shida. Apumzike kwanza. Wapumzike wote.

Hodi mlangoni. "Wifi? Kaka? Mpo?"

Hajasikia. Amekaza vidole tu, usingizini.

Anagonga tena. Mkia umeingia ndani.