Wananitaka Nichague Jeu, na Mguu wa Mama Bado Unangoja

Mpendwa Shangazi Aliya,

Nisaidie kabla mwezi haujajaa, kwa sababu ukishajaa wanaume wa nyumba hii watarudi kukaa sebuleni na nitaulizwa tena nimechagua jeu gani, yaani mchezo gani wa kwenye televisheni, na jibu sina, wala nguvu ya kulitafuta sina.

Jina langu ni Hadjara, naishi hapa Rumonge, nauza mawese sokoni, na mume wangu Shafii ana mtumbwi na taa na watu wake watatu, Uledi, Zakaria na Swedi, wanavua ndagala. Wewe ni mtu wa ziwa hili, unajua kwamba mwezi ukiwa mkubwa ndagala hawaifuati taa, kwa hiyo wavuvi wanapumzika mpaka giza lirudi, na zamani mapumziko hayo yalikuwa ya kushona nyavu na kulala, lakini tangu Swedi alete mashine ya jeu kutoka Bujumbura yamekuwa ya kutishana. Mpira hawautaki, magari hawayataki. Wanapenda zile jeu za kutisha zilizo kama filamu, ila filamu inasimama katikati inakuuliza: unakimbia au unajificha, unafungua mlango au unauacha, unamwokoa huyu au yule, na ukikosea mtu anakufa na humwoni tena mpaka mwisho. Maandishi yote ni ya Kifaransa na humu ndani aliyemaliza sekondari ni mimi, kwa hiyo natolewa jikoni na unga mikononi, nakaa mbele ya televisheni mchana kweupe pazia limefungwa, nawasomea kwa Kiswahili, wanajadiliana, nawaambia muda unaisha, wanapiga kelele, na Shafii, ambaye ndiye anashika maneti, kile kidude cha kuchezea, anabonyeza.

Au habonyezi. Hapo ndipo shida yao ilipo, Shangazi, maana wanacheza kama wako majini. Kwenye mtumbwi wa Shafii hakuna anayeachwa na hakuna jambo linaloamuliwa mpaka wote wanne wakubaliane, ni desturi aliyoikuta kwa baba yake na haivunji, sasa hata kwenye jeu wanataka wakubaliane kwanza, na jeu haina adabu ya kungoja. Kuna mstari mweupe chini unapungua, ukiisha mashine inahesabu kwamba kunyamaza kwenu ndiyo jibu lenu, na mtu anakufa huku Uledi bado anamwambia Zakaria tuliza roho tuongee vizuri.

Sasa Swedi ameleta jeu tatu mpya na mashine imejaa, inaweza kubeba moja tu, kwa hiyo nichague. Ya kwanza ni ya hoteli kwenye theluji, watu watano wamefungiwa ndani na kuna kitu kinatembea juu ya dari, na hiyo kila mchezaji anapewa mtu wake, maneti inazungushwa, anayeishika anaamua peke yake. Ya pili ni ya hospitali ya zamani, dada wawili na mgonjwa aliyefungwa kitandani. Ya tatu ni ya kijiji kilicho kando ya ziwa ambako waliozama wanarudi, na hiyo Uledi ameshakataa, amesema akiicheza hatii mguu mtumbwini tena, na simlaumu. Nimewaambia wachague wenyewe, Shafii akanijibu, "Chagua weye Hadjara, ile yenye utachagua iko sawa tu."

Shangazi, hilo ndilo neno ninalolisikia tangu asubuhi. Tupike nini, chagua weye. Mtoto aende shule gani, chagua weye. Nimechoka. Nimechoka hadi kwenye mifupa, na jambo moja tu ambalo si langu kuchagua ndilo limekwama.

Mama mkwe wangu, Mama Nafisa, yuko kwetu tangu mvua zilizopita. Alikuwa Kabonga na mdogo wake Shafii, akaletwa huku kwa sababu ya sukari na kidonda cha mguu, na mimi ndiye ninayekiosha asubuhi na jioni, na kimenuka, na kidole kimekuwa cheusi. Tulimpeleka Bujumbura, daktari akatuita pembeni mimi na Shafii, akasema huu mguu ukatwe chini ya goti, na upesi, kabla ubovu haujapanda, mkazungumze kama familia mrudi. Mpaka leo hatujarudi. Wadogo zake wanasema kaka ndiye mkubwa. Kaka anasema tutaona. Mimi ni mkwe tu, nikifungua mdomo kusema mkateni mama yenu mguu, siku yakiharibika nitaitwa nani? Mama mwenyewe tumemwambia daktari ameongeza dawa.

Na kuna kitu kilitokea mwezi mkubwa uliopita kinachonisumbua. Walikuwa wanamalizia jeu ya vijana waliopotea msituni, msichana mmoja mguu wake umebanwa na gogo na mnyama anayewawinda anasikika anakuja, jeu ikauliza: umkate mguu au ungoje. Nikasoma. Uledi akasema, "Kwetu hatukatangi mutu, tungoje, kuna namna." Zakaria akasema mkate, Swedi akasema ngoja, mstari mweupe unapungua, nikamtazama Shafii, kidole kiko juu ya maneti hakisogei. Mama alikuwa kwenye mkeka wake nyuma yetu, Kifaransa hajui lakini nilikuwa nasoma kwa Kiswahili, akapiga kelele, "Mumukate huo muguu, mutoto abaki na roho! Muko munangoja nini?" Shafii hata hakugeuka, akamwambia, "Mama tulia, hii iko jeu tu." Muda ukaisha. Msichana akafa vibaya sana. Zakaria akasema, "Eh, murakoze kabisa," asanteni ya kejeli, na hakuna aliyecheka, na Shafii akaweka maneti chini akaenda nje kushona wavu ambao hauna tundu.

Ndipo nimepata wazo. Nataka nichague ile ya hospitali. Swedi ameniambia humo unafika mahali unaamua kuhusu mgonjwa, na nimefikiri labda Shafii akiona mbele yake mtu anaharibika kwa sababu ya kungoja, ataelewa bila mimi kusema neno. Lakini pia naogopa, labda atanyamaza tena, na sitaki kusoma kwa sauti yangu mambo hayo mama akiwa pale kwenye mkeka.

Na nikueleze la mwisho, sijamwambia mtu. Kuna asubuhi ninapofungua kitambaa cha kidonda natamani muda uishe tu, iamuliwe bila sisi, nipumzike. Halafu mama ananishika kichwa ananiombea dua, na najiona mtu mbaya. Nichague jeu ipi, Shangazi?

Wako niliyechoka,
Hadjara, Rumonge

*

Hadjara mwanangu,

Pole. Sikupi ile pole ya kupokea mgeni mlangoni. Anayeosha kidonda asubuhi na jioni akatamani yaishe si mtu mbaya, ni mtu ambaye hajalala vizuri tangu mvua zilizopita. Hilo liweke chini, usilibebe tena.

Sasa ngoja nikugombeze, maana umeniandikia ili ugombezwe.

Umeniuliza jeu, nami nitakujibu jeu. Kwa kuwa mimi ni mzee na mashine hizo sizijui, nilimwendea Melkiades, anayepanga kurasa za gazeti hili na kucheza mambo hayo badala ya kuoa. Alinionyesha moja. Nilikufa mara mbili kabla chai haijapoa, na mara zote mbili ni kwa sababu nilitaka kwanza kuvaa miwani. Kwa hiyo wanaume wako nawaelewa kidogo. Kidogo tu.

Ile ya ziwa iacheni. Uledi amekataa na ana haki yake, na sitaki siku wakirudi na mtumbwi mtupu lawama iwe ya Shangazi Aliya.

Ile ya hospitali, hapana. Tena hapana kubwa. Unataka mtu aliyekaa huko Ulaya akatengeneza jeu, asiyekujua wewe wala Shafii, ndiye aje amweleze mumeo habari za mama yake? Mdomo unao. Unautumia kusoma mambo ya watu wa kubuni mpaka sauti inakauka, halafu mambo ya nyumba yako unayanyamazia kwa sababu wewe ni mkwe. Unamlaumu Shafii kwamba kidole hakisogei, na ulimi wako je? Humo ndani kuna watu wawili wanaotazama mstari mweupe ukipungua, na mmojawapo ni wewe.

Lakini hilo si kubwa. Kubwa nimelikuta katikati ya barua yako, umelipita mbio kama mtu anayewahi gari la Nyanza-Lac. Nimelisoma, nikarudi, nikalisoma tena, na nikiri nililia kidogo, Melkiades akajifanya anatafuta kalamu.

Umenihesabia wote walioulizwa habari za mguu huu. Daktari ameulizwa, Shafii ameulizwa, wadogo zake wameulizwa, mpaka Shangazi wa gazetini naulizwa. Mwenye mguu amedanganywa kwamba dawa zimeongezwa. Na huyo huyo ambaye hamkumuuliza alikaa kwenye mkeka nyuma yenu, akasikia swali kwa Kiswahili safi kutoka kinywani mwako, akajibu kwa sauti kubwa kabla muda haujaisha. Mumukate huo muguu, mutoto abaki na roho. Mnangoja nini, amewauliza, na mwanawe akamwambia atulie.

Hadjara, unadhani mama yule hajui harufu ya mguu wake? Mtu aliyezaa, akalea, akazika, akae na kidole cheusi mwishoni mwa mguu wake asubuhi na jioni aamini ni habari ya dawa kuongezwa? Anawahurumia nyinyi. Nyinyi mnamficha yeye, yeye anawaficha nyinyi, na ubovu unapanda.

Sasa sikiliza utakalofanya, na usiniambie umechoka, najua umechoka, utapumzika baadaye.

Ukimaliza kusoma ukurasa huu usiukunje. Shafii akirudi kutoka ziwani, mwache aoge, ale, halafu mkalishe na msomee yote, barua yako na jibu langu, vilevile unavyomsomea jeu. Akisema "tutaona", usimwambie muda unaisha, usimwambie lolote. Rudi tu ukamsomee tena pale mama yake alipopiga kelele. Mumeo si mtu mbaya. Mtu mbaya haendi kushona wavu usio na tundu. Amefundishwa kwamba mwenye mtumbwi haamui peke yake, na ni mafundisho mazuri, ila kwenye hesabu ya watu wa mtumbwi amemsahau mmoja. Na wewe Shafii, kwa kuwa najua unasomewa: desturi ya baba yako inasema hakuna anayeachwa. Mama yako umemwacha kwenye mkeka.

Halafu ingieni wote wawili kwa Mama Nafisa. Zimeni televisheni. Mwambieni alichosema daktari, kama kilivyosemwa, bila kukipaka asali. Anayemuuliza kama akatwe awe mwanawe, si wewe. Wewe kaa karibu, mshike mkono. Na mkishauliza nyamazeni mpaka ajibu, hata akikawia, hapo hakuna mstari mweupe.

Huenda akalia. Huenda akakataa, maana gogo la kwenye televisheni si goti la mtu mwenyewe, na hilo sikufichi. Akikataa, asikatae kwa maneno yenu. Mpandisheni gari mpaka Bujumbura, daktari aongee na yeye uso kwa uso, aulize anachotaka, halafu aamue. Wadogo zake Shafii wapigiwe simu kujulishwa, si kuombwa ruhusa. Na msingoje mwezi ujae ili mvuvi apate nafasi. Mtumbwi Zakaria anaweza kuutoa. Huyo ndiye peke yake aliyejua cha kubonyeza.

Kuhusu kuwasomea jeu, acha. Waambie umeacha kazi. Swedi aliyeweza kuileta mashine kutoka Bujumbura anaweza kujifunza maneno machache ya Kifaransa, na akikosea wakafa wote, hewala, hakuna msiba. Wewe siku hizo za mwezi mkubwa ulale.

Jeu ni ile ya hoteli na theluji. Watu wa Rumonge wakiogopa baridi wasiyowahi kuiona mtacheka, na nyumba hiyo inahitaji kucheka. Zaidi ya hapo, umesema humo kila mmoja anaamua peke yake, na mumeo anahitaji kidole chake kizoee kusogea.

Umesema pia hotelini kuna watu watano, na wavuvi wako ni wanne. Najua watataka uchukue wewe nafasi ya tano. Usiichukue. Mama Nafisa akirudi kutoka Bujumbura, mwinueni kwenye mkeka, mpeni kiti kizuri na mto wa kuegemea, na Shafii mwenyewe ampe maneti, awe wa kwanza kucheza. Wengine wataendelea kubishana. Yeye keshajua kwamba hakuna cha kungoja.

Shangazi Aliya